Kabati Tupu

Meneja alivua saa yake ya mkononi, akailaza juu ya meza na kuigeuza ili mzee aliyeketi mbele yake aisome vizuri.

"Saa tisa na dakika tano, mzee wangu. Sisi tunafunga saa kumi na moja. Ikifika saa hiyo na bomba la shaba halijaonekana, napiga simu polisi waje wamchukue shemeji yako. Nimekupa muda huo kwa heshima ya mvi zako, si kwamba nina shaka."

"Heshima naipokea," mzee akajibu. "Shaka nitakuletea mwenyewe."

Wenzake kazini walimpa mzee huyu jina la Timazi, nalo likamganda. Ujanani alikuwa fundi wa vigae. Mchana alipiga magoti kwenye sakafu za watu, jioni aliketi dawatini na watu wazima wenzake kujifunza kuandika barua na kukokotoa pembe. Cheti cha masomo hayo ya jioni ndicho kilichomfungulia mlango wa polisi, na humo alipanda mpaka inspekta kabla ya kustaafu. Lakini timazi lake la ufundi, kipande cha shaba chenye ncha kali kilichofungwa uzi, hakuliacha. Lilikuwa mfukoni siku alipoapishwa, na leo pia lilikuwa mfukoni, ingawa alikuja mjini kutembea tu.

Mwenyeji wao, yeye na mkewe, alikuwa shemeji yake, mdogo wa kike wa mkewe, wa tumbo moja, aliyekuwa mfanya usafi katika jumba hili la viinimacho. Tiketi zao alizikata mwenyewe. Wiki nzima alikuwa akiwaambia kwenye simu, "Njooni muone mahali ninapofanya kazi. Vioo mia na kumi na viwili, na katika kila kimoja utajiona kama ulivyozaliwa." Walipofika saa nane na nusu walimkuta ameketi kwenye kiti cha plastiki nje ya ofisi, aproni mwilini, funguo amenyang'anywa. Hakuwa akilia. Alikuwa amenyoosha mgongo kama mtu anayepigwa picha ya kitambulisho.

"Nianzie mwanzo," Timazi akamwambia meneja. "Bomba hilo ni kitu gani hasa?"

"Ni roho ya jumba hili. Babu yangu alilisugua kwa mkono mpaka likawa kioo. Limesimama katikati ya mchoro wa duara, mchoro ambao ukiutazama utadhani mtoto amemwaga uji. Lakini ukitazama ndani ya bomba, ule uji unakuwa uso wa mwanamke, anakutazama hivi. Wiki iliyopita alikuja mnunuzi wa vitu vya kale, akalitaka, nikamwonyesha mlango."

"Nani alimsikia akilitaka?"

"Wote. Alikuwa na sauti kama ya mnadani."

"Leo sasa."

"Saa saba mpaka saa nane tunafunga vyumba vya nyuma vipate kusafishwa. Walikuwamo wawili tu: shemeji yako na mpiga picha wetu, tunamwita Flashi. Saa nane kasoro robo Flashi akatoka kwenda kula. Dakika kumi baadaye akatoka shemeji yako na ndoo zake mbili. Nikaingia mimi. Mchoro upo, bomba halipo. Mlango wa dharura una lakiri, haijaguswa. Njia iliyobaki ni ile ya handaki peke yake."

"Wawili walikuwamo. Kwa nini umemkamata mmoja?"

Meneja akatabasamu kama mchezaji wa karata aliyebakiza turufu. "Kwa sababu ya hilo handaki. Njoo ulione."

Lilikuwa daraja la chuma la hatua kumi, limepita ndani ya pipa kubwa lililopakwa rangi nyeusi na kunyunyiziwa nyota. Pipa lilizunguka, daraja lilitulia tuli. Timazi alilijua hilo kwa akili yake yote ya fundi, na bado alipopiga hatua ya pili daraja likapinduka, akajikuta amekumbatia vyuma vya pembeni kwa mikono miwili.

"Inspekta!" mkewe akacheka nyuma yake, naye amejishikiza vilevile. "Majambazi hawakukuweza, leo hatua kumi za daraja zimekushinda?"

"Nyamaza mke wangu, unanitikisia daraja."

Walipofika ng'ambo, meneja akajifuta jasho. "Umeona? Hakuna anayevuka bila kushika vyuma. Hata mimi. Flashi ana miaka mitatu hapa na bado hutoka humu kama mgonjwa wa safari. Dada wa tiketi amemwona leo: mikono miwili kwenye vyuma, kamera shingoni, hana mfuko. Bomba ni zito, halibebwi kwa mkono mmoja. Naye Flashi anasema kabla hajatoka aliona tambara limesimama juu ya ndoo ya huyu, kama limefunika kitu. Sasa niambie, nani katika jumba hili huvuka na mikono yake imejaa?"

Timazi alimgeukia shemeji yake, aliyewafuata kimyakimya, na sasa tu akatambua kwamba mwanamke huyo alikuwa amevuka mikono ikiwa nyuma, kama anayekagua gwaride.

"Shemeji, wewe huvukaje?"

"Nafumba macho."

"Basi?"

"Basi. Wanaodanganywa humu ni macho, shemeji. Miguu haioni kitu. Mwaka wa kwanza nilikuwa namwaga maji mpaka dada wa tiketi ananicheka. Nikaona aibu kushindwa na pipa. Tangu nilipojua kufumba, sijamwaga tone."

"Mnaona!" meneja akasema. "Amekiri mwenyewe!"

"Amekiri kujua kazi yake," Timazi akasema. "Nipe nafasi."

Alirudi mwanzo wa daraja akiwa ameshika vyuma, akageuka, akafumba macho, akaachia mikono. Chuma kilikuwa kigumu chini ya soli. Akahesabu hatua kumi, akafumbua macho akiwa amefika, kifua mbele kama jogoo.

"Usijisifu," mkewe akamwambia. "Mwenzako hupita na ndoo."

"Ndoo ndizo ninazozitaka sasa. Zilezile za leo, na tambara lake."

Zikaletwa. Timazi akaingia chumba cha bomba, akapiga magoti kando ya mchoro. Katikati, pale bomba liliposimama miaka yote, rangi ilikuwa haijafifia. Duara jipya kabisa, mfano wa alama ya pete kidoleni. Akatoa timazi, akautandaza uzi wake katikati ya duara kutoka ukingo hadi ukingo, akaubana kwa kucha. Kisha akaupeleka kwenye ndoo. Mdomoni uzi uliingia ukabaki na nafasi. Alipoushusha ndani, ndoo ikazidi kuwa nyembamba, na nusu ya njia kwenda chini uzi ukagusa pande zote mbili.

"Bomba lina urefu gani?"

Meneja akaonyesha: kutoka ncha za vidole mpaka kiwikoni.

"Basi lingekwama hapa," Timazi akasema, akiweka kidole katikati ya ndoo, "na lililobaki lingechomoza juu kama shingo ya twiga. Niitie dada wa tiketi."

Dada wa tiketi alikuja akiwa bado anatafuna. Alikuwa msichana wa maneno mengi, na aliogopa mpaka maneno yake yakawa machache.

"Ndoo zilikuwa zimefunikwa?"

"Ndiyo, babu. Hufunikwa kwa tambara siku zote, maji yasiruke."

"Tambara lilikuwa limesimama au limelala?"

"Limelala."

"Una hakika?"

"Kipande chake cha sabuni kilikuwa juu yake. Nilimtania hata, nikamwambia, mama, sabuni yako inapanda gari la maji."

"Sabuni haikuanguka?"

"Ingeangukaje, babu? Palikuwa bapa kama meza."

Timazi akasimama, magoti yakalia. "Meneja, bomba halikutoka ndani ya ndoo. Flashi hakutoka nalo kwa kuwa mikono yake ilikuwa kwenye vyuma. Hilo umelithibitisha mwenyewe, nakushukuru. Mlango wa dharura una lakiri. Kwa hiyo halijatoka. Liko upande huu wa handaki, sisi na lenyewe tunavuta hewa moja."

"Lakini tumepekua!"

"Nani kapekua wapi?"

"Mimi nimepekua hapa na chumba cha kiti cha jitu. Chumba cha kabati ni cha Flashi, kakipekua yeye. Na mle hamna mahali pa kuficha hata kijiko, mzee wangu. Kuna kabati moja, nalo ni tupu. Unaliona kwa macho."

Mkewe Timazi akamtazama mumewe. Mumewe akatazama dari. Watu wawili waliolala kitanda kimoja miaka arobaini hawahitaji kukonyezana.

Chumba cha kabati kilikuwa na taa kali. Ukutani lilisimama kabati la mbao lisilo na milango, kimo cha kifua, sakafu yake ya ndani imepangwa vigae vidogo vyeusi na vyeupe. Ulikuwa unaona mpaka mwisho wake: vigae, kuta, basi. Juu lilikuwa na tundu la kupitishia mkono. Mgeni akiingiza mkono, mwenzake aliyesimama mbele huuona unakatika kwenye kiwiko, ukatoweka. Kando kidogo, sakafuni, zilichorwa nyayo mbili za njano ambapo mtazamaji aliambiwa asimame. Na katikati kabisa, mbele ya kabati, juu ya kiti kifupi nyuma ya kamera yenye miguu mitatu, aliketi kijana mwembamba mwenye fulana iliyopigwa pasi.

"Karibuni wazee!" Flashi akasema. "Mzee, nikupige picha ya mkono uliokatika? Wa kwako, bure."

"Mkono wangu bado nauhitaji," Timazi akasema. "Niambie kwanza, linafanyaje kazi?"

"Vioo viwili, mzee. Vimesimama wima humo ndani, vimekutana katikati kama kitabu kilichofunguliwa. Wewe unadhani unaona nyuma, kumbe unaona ubavuni. Nyuma ya vioo ndiko mkono unakojificha."

"Na mkono tu?"

"Mkono tu. Nimeangalia mwenyewe, meneja aliponiagiza."

Timazi akaenda kusimama kwenye nyayo za njano. Alitazama kwa muda mrefu kiasi kwamba meneja alianza kukohoa. Mistari ya vigae ilitoka mbele ya kabati kwenda nyuma, imenyooka; kisha upande wa kulia, katikati ya safari, ilipinda juu kidogo sana, kama zulia lililonyanyuliwa na upepo. Mtu ambaye hajawahi kurudia sakafu nzima kwa sababu ya mstari mmoja asingeona kitu.

"Shemeji," akaita bila kugeuka, "vioo hivi ulivifuta saa ngapi leo?"

"Ndivyo ninavyoanza navyo. Saa saba. Navitoa, nafuta mbele na nyuma, navirudisha."

"Na uliviacha vimesimama sawasawa?"

Kwa mara ya kwanza tangu walipofika, uso wa mwanamke yule ulikunjamana. "Hilo nalo unaniuliza wewe?"

"Naliuliza ili wasikie."

"Viko sawasawa kama ukuta."

"Basi kioo cha kulia si sawasawa tena," Timazi akasema.

"Sasa mzee," Flashi akadakia, "kama hakiko sawa si ni yeye aliyekirudisha? Aliyefuta ndiye aliyelegeza. Mbona mimi nakiona kimenyooka tu?"

"Wewe unakiona kimenyooka?"

"Kama rula."

"Vizuri sana," Timazi akasema kwa upole. "Hebu tuone ni nani mwingine anayekiona hivyo."

Alianza kutembea. Akasimama kushoto kwa nyayo: mistari imepinda. Akasogea kulia: imepinda zaidi. Akapiga magoti mbele ya kabati, uso karibu na vigae, pale ambapo mfanya usafi hupiga magoti: imepinda wazi kabisa, hata meneja akaguna. Mwisho akamwendea Flashi.

"Naomba kiti chako kidogo, mwanangu."

"Kamera iko tayari, mzee, usije ukaisogeza."

"Sitaigusa."

Flashi akainuka polepole. Timazi akaketi kwenye kile kiti kifupi, akainamisha kichwa mpaka jicho lake likawa usawa wa lenzi, akatulia. Kisha akaanza kucheka kidogokidogo, mabega yakitikisika.

"Meneja, njoo uketi hapa."

Meneja akaja, akaketi, akainama. "Imenyooka!"

"Inuka sasa. Nenda kwenye nyayo za mgeni."

"Imepinda." Meneja akarudi mbio kwenye kiti. "Imenyooka. Sasa hii ni nini?"

Timazi akatoa timazi lake mfukoni. Akapiga magoti mbele ya kabati, akashika uzi juu ya ukingo wa kioo cha kulia na kuachia shaba ining'inie. Ilizungukazunguka, ikatulia. Juu, uzi uligusa kioo. Chini, kati ya ncha na kioo, palipita kidole kizima.

"Kioo hiki hakijakaa kwenye mfereji wake. Kimeinamia mbele. Nami nilipokuwa fundi nilijifunza jambo moja: mtu akimaliza kazi yake huikagua, hata mwizi. Aliyekirudisha alirudi nyuma akatazama kama mistari imenyooka. Shemeji yangu akikagua, hukagua akiwa amepiga magoti hapa. Angeuona upindo huu hata akiwa na homa. Meneja angesimama kwenye nyayo. Aliyekirudisha alikagua kutokea kwenye kiti hicho kifupi, na kutoka huko mistari imenyooka, akaridhika. Niambieni, nani hulitazama kabati hili akiwa ameketi pale?"

Wote wakamgeukia Flashi. Pipa la handaki lilisikika likizunguka kule nje.

"Miaka mitatu," Timazi akamwambia Flashi, "na hujasimama hata siku moja pale anaposimama mgeni."

"Hayo ni maneno tu, mzee," Flashi akasema, lakini midomo ilikuwa imemkauka. "Kabati ni tupu."

"Debe tupu huvuma, sivyo?" Timazi akagonga ubavu wa kushoto wa kabati kwa kifundo cha kidole. Likavuma. Akagonga wa kulia. Likatoa sauti fupi, nzito, kama mtu aliyeshiba. "Hili limeshiba. Kabla sijafungua, nionyeshe namba za picha zako za leo."

"Za nini?"

"Mpe," meneja akasema. Sauti yake ilikuwa imebadilika.

Flashi akabonyeza kamera. Timazi alisoma kwa sauti, taratibu, kama alivyofundishwa dawatini. "Themanini na nane, familia ya watu watano. Themanini na tisa, bwana na mkewe, saa saba kasoro dakika mbili. Tisini na moja, mabinti watatu, saa nane na dakika ishirini. Tisini iko wapi?"

Flashi akalitupia kabati jicho.

"Kati ya saa saba na saa nane vyumba vimefungwa, hakuna mgeni. Ulimpiga nani picha, ukaifuta? Au ulipiga kabati, uone kama limekaa sawa?"

Flashi akaketi sakafuni palepale, juu ya nyayo za njano. "Kesho pipa linasimamishwa kutiwa mafuta," akasema akitazama viatu vyake. "Ningevuka tu, na mfuko wa kamera. Yule mnunuzi alisema mjini kwetu hapa hakuna anayejua thamani ya kitu."

"Na shemeji yangu?"

"Sikusema kaiba. Nilisema nimeona tambara."

"Njia ya mwongo ni fupi, lakini ya kwako ilikuwa na sabuni juu yake," mkewe Timazi akasema, na dada wa tiketi, aliyekuwa mlangoni, akaziba mdomo asicheke.

Meneja mwenyewe akakitoa kioo. Nyuma yake lilisimama bomba la shaba, na sura zao zote zikaonekana humo zimerefuka na kukonda, meneja akiwa mwembamba kuliko wote. Alilikumbatia kama mtoto. Kisha, akiwa bado amelikumbatia, akamgeukia mfanya usafi.

"Mama, nisamehe. Nilitazama handaki, sikukutazama wewe."

"Kila siku mnawadanganya watu kwa kabati hili," mwanamke akasema. "Leo ilikuwa zamu yako."

"Ni kweli. Nenda nyumbani ukapumzike na wageni wako. Kesho na kesho kutwa pia. Polisi nitawasubiri mimi na huyu."

"Nyumbani?" Akanyoosha mkono wake mbele, kiganja juu, mpaka meneja alipoelewa, akachimba mfukoni na kumrudishia funguo. Mwanamke akazifunga kwenye aproni. "Kioo hicho kina vidole vya watu wawili. Wageni wa saa kumi wanakuja. Nani atakifuta?"

Wakamwachia nafasi. Alichovya tambara, akakamua, akafuta kioo mbele na nyuma, akakikausha kwa karatasi ya gazeti mpaka kikalia. Akapiga magoti, akakiingiza kwenye mfereji. Hakutazama mistari. Alifumba macho, akapitisha ncha za vidole kwenye ungio la kioo na vigae, kutoka mwanzo mpaka mwisho, akasukuma mara moja, kidogo, kwa kiganja. Akainuka.

Timazi akaenda kwenye nyayo za njano. Flashi alikuwa ameshaondolewa pale. Akatazama. Mistari ilitoka mbele ya kabati ikaenda mpaka nyuma pasipo kuwa na nyuma, imenyooka. Akasogea kushoto. Akasogea kulia. Akaketi kwenye kiti kifupi. Imenyooka kote. Alilitoa timazi, akalining'iniza, akangoja litulie. Uzi ulikilalia kioo kutoka juu hadi chini bila kuacha nafasi ya unywele.

"Nilifanya kazi hii miaka saba na uzi mkononi," akasema, "na sikuwahi kuweka hivi."

"Jamani!" mkewe akasema. "Dada wa tiketi, niandikie tarehe. Huyu mwanamume leo amesifu kazi ya mtu."

Mgongo wa shemeji mtu, ambao Timazi alidhani hauwezi kunyooka zaidi, ulinyooka. Akainua ndoo zake mbili zilizojaa, akaweka kipande cha sabuni juu ya tambara.

"Twendeni niwaonyeshe vioo mia na kumi vilivyobaki," akasema. "Dada, shemeji, kwenye handaki shikeni vyuma. Mimi napita katikati."

Timazi akalirudisha timazi mfukoni. Akashika vyuma, kwa mikono miwili, ili amwone vizuri akipita.